Daftari la mstari katikati: namna ya kuandika habari ukiwa Mtwara

Vijana wananiuliza jinsi ya kuandikia gazeti ukiwa huku kusini. Mimi nilianza kama mwandishi wa mkoani, nikakaa meza ya mhariri Dar es Salaam miaka mitano, kisha nikarudi nyumbani. Nilithubutu kwa sababu Benjamin Mkapa, mtoto wa Lupaso, Masasi, alihariri The Nationalist na Uhuru tangu 1966, na Daily News tangu 1972, kabla watu hawajamjua kama rais.

Nunua daftari, kila ukurasa upige mstari katikati. Kushoto andika ulichokiona kwa macho yako. Kulia andika ulichoambiwa, na aliyekuambia ni nani. Andika hapohapo. Ukisubiri ufike nyumbani, mambo hayo mawili yatakuwa yameshachanganyika kichwani.

Jifunzie kwenye mnada wa korosho. Fika mapema, sikiliza bei ya juu na ya chini zikisomwa, tazama wakulima wakikubali au wakigoma kuuza. Lakini usiishie hapo. Mwaka wangu wa pili niliandika bei ya juu ya mnada kana kwamba ndiyo aliyoipata mkulima. Mzee mmoja wa Tandahimba alinifuata stendi na karatasi yake ya malipo, akaweka kidole kwenye makato: ushuru, usafiri, ghala, chama cha ushirika. "Mwanangu, bei yangu ni hii. Hiyo yako umeitoa wapi?" Niliumia, kwa kuwa alikuwa na haki. Niliona bei ikisomwa, sikuona fedha ikipokelewa. Tangu siku hiyo naomba karatasi za wakulima watatu, wa vyama tofauti, napiga hesabu kwa kilo.

Mpakani kazi ni nzito zaidi. Mapigano ya Cabo Delgado, mkoa wa Msumbiji unaopakana nasi, yalianza Oktoba 2017, na mji wake wa Palma uliposhambuliwa Machi 2021 wahariri walitaka habari kila saa. Sisi tuna bahati: Kimakonde kinasemwa ng'ambo zote mbili za mto Ruvuma, ingawa maneno hutofautiana. Kama unakijua, ongea mwenyewe. Kwanza salimia, kaa chini, usitoe simu. Kisha uliza njia: alitoka lini, alilala wapi, alivuka kwa mtumbwi au kwa miguu, maji yalimfika wapi. Aliyekuwepo hukueleza hayo moja baada ya jingine. Aliyesimuliwa hukimbilia idadi ya waliokufa. Idadi hiyo iache upande wa kulia mpaka uipate kwa watu wawili ambao hawakusafiri pamoja.

Mama mmoja alinionyesha kitenge alichofungia unga wa muhogo. Kililowa mtoni, fundo likakauka na unga ndani, gumu kama jiwe, akashindwa kulifungua. Hilo niliandika kushoto, na habari yangu ilianzia hapo. Jina lake sikuliandika, wala kijiji alikowaacha wazazi wake. Mhariri akikushinikiza utaje, kataa. Yeye yuko Dar es Salaam, wale wazee bado wako kule.

Kabla ya kutuma, fungua daftari, kila sentensi itafutie upande wake. Isiyo na upande ifute, hata kama ndiyo uliyoipenda kuliko zote. Halafu chaji simu na usilale mapema, maana mhariri atapiga kabla gazeti halijaenda mtamboni, na swali lake la kwanza litakuwa: uliona, au uliambiwa?