Umeme Kukatika si Kufunga Mashine

Katika viwanda vya minofu ya sangara Mwanza, umeme wa Tanesco ukikatika ni rahisi fundi kuona amepata nafasi ya kuzibua mashine ya barafu. Hapo ndipo watu wanapopoteza vidole. Jenereta ya kujiwasha hushika mzigo ndani ya sekunde chache, na skrubu ya kusukuma barafu huzunguka mkono ukiwa bado ndani.

Kufunga mashine ni kukata kila nguvu inayoifikia na kuitia kufuli ili isiwake ukiwa unaitengeneza. Anza kwa kufuata kila njia inayoleta nguvu: umeme wa fezi tatu wa volti 400, hewa ya kompresa, maji, gesi ya ubaridi. Swichi ya kufunga iwe baada ya swichi ya kubadilishia jenereta, la sivyo unazuia Tanesco huku jenereta ina njia yake. Mabomba ya amonia, yaani gesi hiyo ya ubaridi, mwachie fundi wa majokofu.

Waarifu waendeshaji, zima mashine kwa kitufe chake, kisha shusha swichi kuu ya mashine hiyo. Usitegemee kitufe chekundu cha dharura. Kinakata umeme wa kuamrisha kontakta tu, yaani swichi ya sumaku inayoipa mota umeme. Kontakta ikiungua na kushikana, mota inaendelea, na mpita njia yeyote anaweza kukirudisha.

Funga kwa kufuli lako, ufunguo ukae mfukoni mwako, na utundike lebo yenye jina, simu, tarehe na kazi. Mafundi wakiwa watatu, tumieni kibano chenye matundu na makufuli matatu. Kufuli la msimamizi halikulindi wewe.

Kisha ondoa nguvu iliyobaki, hatua inayorukwa kuliko zote. Kifaa cha kudhibiti mwendo wa mota hubaki na chaji hata swichi ikiwa chini; subiri dakika zilizoandikwa kwenye kava lake, mara nyingi 5 hadi 15. Funga vali ya hewa na uitie kufuli, fungua ya kutolea mpaka geji isome sifuri. Kilichoinuliwa kitegemezwe kwa gogo au nguzo, kisining'inie. Barafu iliyokwama huacha skrubu imejikaza. Ukiivunja, skrubu inaruka ghafla. Ivunje kwa mtaimbo mrefu ukiwa umesimama pembeni.

Pima sasa. Jaribu mita kwenye umeme unaojua upo, pima fezi kwa fezi, fezi kwa nyutro na fezi kwa ethi, kisha rudia kwenye ule umeme uliopo: mita iliyokufa nayo husoma sifuri. Bonyeza kitufe cha kuwashia, mashine isipoitika kirudishe kwenye kuzima.

Kazi ikivuka zamu, fundi anayeingia aweke kufuli lake kabla anayetoka hajatoa la kwake. Ukimaliza, hesabu spana, rudisha makava, hakikisha kila mtu yuko nje, na kila mmoja afungue lake mwenyewe. Mwenye kufuli akiwa ameondoka nalo limebaki, apigiwe simu. Lisikatwe mpaka msimamizi athibitishe kwa macho yake kwamba hayupo kiwandani na mashine haina mtu ndani, na fundi huyo ajulishwe kabla ya kurudi kazini.