SOMO: Kusoma Kijerumani cha teolojia (kusoma tu, si kuongea)

Wakuu, kila muhula ukianza napata ujumbe uleule: "Msimamizi amesema siwezi kuandika tasnifu juu ya Bonhoeffer, yule mwanateolojia wa Ujerumani, bila Kijerumani, nianzie wapi?" Naandika mara moja hapa, atakayeuliza tena aelekezwe kwenye uzi huu.

Lengo letu ni kufungua ukurasa wa Bultmann, mwanateolojia mwingine wa Kijerumani, na kujua anadai nini. Ni kazi ndogo kuliko kuongea, na unaweza kuifanya ukiwa Iringa au Bukoba, mradi usiruke siku.

Hatua 1. Herufi ä, ö, ü, ß. Jioni moja inatosha.

Hatua 2. Kila nomino huanza na herufi kubwa, hata iwe katikati ya sentensi. Zitambue.

Hatua 3. Kariri der, die, das pamoja na den, dem, des, vijineno vinavyotangulia nomino na kuonyesha nani anatenda na nani anatendewa. Usiseme "nitaelewa kwa muktadha". *Den Sünder liebt Gott* maana yake ni Mungu humpenda mwenye dhambi. Mwenye dhambi ametangulia, lakini *den* inakwambia yeye ndiye anayependwa. Ukiipuuza, umegeuza Injili juu chini.

Hatua 4. Kitenzi. Katika sentensi kuu hukaa nafasi ya pili. Baada ya dass (kwamba), weil (kwa sababu), obwohl (ingawa) hukimbilia mwisho. Vitenzi vingine hukatika vipande viwili. Warumi 3:28 katika Biblia aliyoitafsiri Luther huanza *So halten wir nun dafür*. *Halten* peke yake ni kushika, lakini ikiungana na *dafür* inakuwa "twaona ya kuwa". Kwa hiyo soma mpaka nukta ndipo ushike kamusi.

Hatua 5. Maneno marefu yakate kuanzia nyuma. *Rechtfertigungslehre*: Lehre ni fundisho, Rechtfertigung ni kuhesabiwa haki.

Hatua 6. Ukiona *der* imefuatwa na *von* au *in*, tafuta kwanza nomino inayoingojea. *Der von Gott in Christus gerechtfertigte Sünder*: ruka hadi Sünder, kisha rudi. Mwenye dhambi aliyehesabiwa haki na Mungu katika Kristo. Sisi huweka nomino mbele na maelezo nyuma. Wao hupanga kinyume.

Hatua 7. HAPA SIMAMA. Hatua hii ndiyo iliyonitoa jasho kuliko zote, na ndiyo inayoharibu tasnifu za watu. Wajerumani wana umbo la kitenzi liitwalo Konjunktiv I. Mwandishi hulitumia anapotoa maneno ya mtu mwingine. Tazama: *Die Gegner behaupten, das Gesetz sei aufgehoben. Paulus habe es verworfen.* Wapinzani wanadai kuwa sheria imebatilishwa. Sentensi ya pili haina "wanadai", lakini *habe* inaonyesha bado ni wapinzani wanaosema kwamba Paulo aliikataa. Mwanafunzi asiyeliona hilo ataandika, "Mwandishi huyu anafundisha kuwa Paulo aliikataa sheria," kumbe mwandishi ametumia kurasa nzima kulipinga jambo hilo.

Dawa yake: ukikuta *sei, habe, könne, solle* mahali ulipotarajia *ist, hat, kann, soll*, tia "eti" kichwani. Ni eti ya kunukuu, si ya dharau. Umbo hilo halikuambii kama mwandishi anakubali au anakataa. Linakuambia tu kwamba maneno si yake. Tahadhari ya pili: *sei* huweza pia kuwa ombi au sifa, kama katika Luka 2:14, *Ehre sei Gott in der Höhe*. Hapo usitie eti.

Hatua 8. Anza na Injili ya Yohana ya Luther, maana kwa Kiswahili unaijua tayari. Kisha Katekisimu Ndogo ya 1529, halafu makala fupi za RGG (kamusi kubwa ya dini, *Religion in Geschichte und Gegenwart*), ndipo kitabu cha Bonhoeffer, *Nachfolge* (1937). Barth, mwanateolojia wa Uswisi, mwache kwanza. Sentensi zake zinahitaji pumzi.

MASWALI

Mtumishi_wa_Kusini: Mkuu, si naweza kubandika tu kwenye Google Translate?

Mwandishi: Hatua ya 7. Isome tena.

Mtumishi_wa_Kusini: Nimesoma juujuu, niko na haraka.

Mwandishi: Basi ukipata nafasi. Jina litakalokuwa juu ya tasnifu ni lako, na mtahini atakuuliza wewe.

Binti_Usharika: Shikamoo mwalimu. Nimelinganisha Warumi 3:28. Luther ana *allein durch den Glauben* (kwa imani peke yake), Biblia yangu ya Union ina "kwa imani" tu. Nimesoma vibaya?

Mwandishi: Marahaba dada, umesoma vizuri kabisa. *Allein* haimo katika Kigiriki, aliiongeza Luther mwenyewe. Alishambuliwa kwa ajili hiyo, naye akajibu mwaka 1530 katika *Sendbrief vom Dolmetschen*: Mjerumani akitaja mambo mawili, moja akilikubali na jingine akilikataa, husema *allein* ili sentensi isimame. Akaongeza kuwa hoja ya Paulo yenyewe inalidai neno hilo. Sasa fungua Yakobo 2:24. Pale "si kwa imani peke yake" imo katika Kigiriki chenyewe. Ziweke aya hizo mbili sambamba kwa lugha zote tatu. Una sura nzima ya tasnifu hapo.

Binti_Usharika: Asante sana. Nitaanza leo.

Msomi_wa_Kibosho: Mimi naandika historia ya misheni ya Leipzig huku Kilimanjaro. Haya yatanitosha?

Mwandishi: Kwa sarufi, ndiyo. Ila vitabu na taarifa nyingi za wakati wa Bruno Gutmann, mmisionari wa Leipzig huko Kilimanjaro, zilichapwa kwa Fraktur, herufi za kale za Kijerumani. Jihadhari na ſ: inafanana na f, lakini ni s. Barua za mkono ni jambo jingine, mwandiko wake huitwa Kurrent na unahitaji mazoezi yake. Kumbukumbu za misheni hiyo ziko Franckesche Stiftungen, Halle. Jifunze Kurrent kabla ya kwenda, usije ukamaliza safari ukitazama herufi.

Kijana_Mlimani: Kwa hiyo baada ya hapo nitaongea fasaha?

Mwandishi: Kichwa cha somo kinasema kusoma tu. Kuongea, nenda Goethe-Institut, Dar au Nairobi.

Katibu_Mstaafu: Naongezea vifupisho vya tanbihi, vilinisumbua sana: *vgl.* ni linganisha, *d.h.* ni yaani, *ebd.* ni papo hapo, *Hg.* ni mhariri, *a.a.O.* ni mahali palipokwisha kutajwa.

Mwandishi: Asante mzee. Hiyo *a.a.O.* ina adha yake: hukurudisha nyuma kurasa nyingi kutafuta kitabu kilitajwa wapi mara ya kwanza. Kila mnapokutana na kitabu kipya katika tanbihi, andikeni jina lake kamili na ukurasa kwenye daftari papo hapo.