Kutayarisha filamu Mombasa: sahihi, kurasa na maji

Prodyuza anayeanza kazi Mombasa aanze na haki za hadithi, kabla hajamtafuta mpiga picha wala mwigizaji. Sheria ya hakimiliki ya Kenya inataka uhamisho wa haki uwe wa maandishi na utiwe sahihi. Ahadi ya mdomo baina ya marafiki haitoshi. Mwandishi akikupa haki kwa muda, andikeni ni miezi mingapi (18 ni muda unaofaa), atalipwa kiasi gani kamera ikianza kazi, na nani atamiliki muziki. Mshirika wa nje ya nchi hukagua sahihi hizo kabla ya kutoa senti.

Na mshirika wa nje utamhitaji. Tazama Latvia, nchi ndogo ya Ulaya: ina watu wasiofika milioni 2, soko ambalo haliwezi kurudisha gharama za filamu kubwa. Flow, katuni ya Gints Zilbalodis, ilitayarishwa na yeye na Matīss Kaža wa Latvia pamoja na maprodyuza wa Ufaransa na Ubelgiji, kwa takriban yuro milioni 3.5. Waliichora kwa Blender, programu ya bure, na Machi 2025 ikapata Oscar. Ukitaka ushirika wa namna hiyo, asilimia za umiliki ziandikwe kabla ya pesa ya kwanza kuingia. Zikijadiliwa baadaye, kila mtu huona jasho lake ndilo zito.

Kisha ichambue hati ya filamu (skripti). Ukurasa mmoja ni kama dakika moja ya filamu. Gawa kila ukurasa sehemu 8, uhesabu kila onyesho lina sehemu ngapi, ili ulipangie siku. Hati ya kurasa 80, kwa kurasa 4 kila siku, ni siku 20 za kazi. Weka akiba ya asilimia 10 ya bajeti, na usiiguse wakati wa maandalizi.

Leseni ya kupiga filamu hutolewa na KFCB, bodi ya kuainisha filamu ya Kenya, lakini haitoshi peke yake. Fort Jesus iko chini ya Makavazi ya Kitaifa, hifadhi za bahari chini ya KWS, shirika la wanyamapori, na droni huruhusiwa na KCAA, mamlaka ya usafiri wa anga. Mji wa Kale, onana kwanza na wazee wa mtaa, na upange maonyesho ya mazungumzo mbali na nyakati za adhana.

Ratiba ya ufukweni ndiyo huwaangusha wengi, kwa sababu huipanga kwa saa ya ofisini. Siku za bamvua, mwezi ukiandama au ukiwa mpevu, maji hukupwa mno mida ya saa nne asubuhi na kujaa mida ya saa kumi alasiri, na tofauti yake hupita mita 3. Kila siku nyakati hizo husogea mbele karibu dakika 50. Kwa hiyo onyesho la siku mbili likipigwa saa ileile, mchanga wa jana huenda ukawa umefunikwa leo na picha zisiungane. Nunua jedwali la maji la mwaka mzima, na maonyesho marefu uyaweke siku za maji mafu, ambapo maji hayapandi wala kushuka sana. Aprili na Mei ni masika. Usipange nje bila chumba cha akiba cha kupigia maonyesho ya ndani mvua ikinyesha.

Kamera ikitoka kwenye kiyoyozi, iache ndani ya begi lililofungwa nusu saa, la sivyo lenzi itafanya ukungu. Kila jioni picha zinakiliwe kwenye diski mbili, zilale nyumba mbili tofauti, na kadi isifutwe mpaka mhariri athibitishe faili zinafunguka.