Namna ya Kuandaa Toleo la Kwanza la Katuni ya Mikasa ya Soka

Kabla hujachora mpira, amua ni kitu gani kinachoweza kupotea nje ya uwanja. Msomaji wa katuni za soka anatarajia kwamba shujaa atafunga, kwa hiyo bao peke yake halitamfanya alisubiri toleo la pili. Chukua mfano wa mashindano ya mchangani, ambako timu za mitaa huchangishana ada ya kushiriki na kugombea mbuzi au ng'ombe: siku ya fainali, winga wa timu anagundua kwamba uwanja wao umeuzwa kwa siri, na kwamba aliyebeba hati za mauzo ameketi miongoni mwa watazamaji. Sasa kila dakika ya mchezo ina uzito, kwa sababu filimbi ya mwisho ikilia, mtu huyo ataondoka.

Toleo la kwanza litosheke na mechi moja na wahusika wanne au watano wenye majina. Wachezaji wengine watambulike kwa jezi tu. Mhusika mgeni husaidia sana. Katika Captain Tsubasa, katuni ya Yoichi Takahashi iliyoanza kuchapishwa Japani mwaka 1981, shujaa ni mwanafunzi wa shule ya msingi aliyehamia mji mpya, na msomaji anaujua mji huo pamoja naye bila kuhitaji maelezo marefu.

Jambo linalostahili uangalifu mkubwa zaidi ni mwelekeo wa mashambulizi. Kwa kuwa tunasoma kutoka kushoto kwenda kulia, timu ya shujaa ishambulie kuelekea kulia ili mbio zake ziende sambamba na jicho la msomaji, na wapinzani waje kinyume chake. Timu zinapobadilishana magoli baada ya mapumziko, chora fremu moja pana inayouonyesha uwanja mzima, kisha uanze kuutazama mchezo kutoka upande wa pili wa uwanja, nao mwelekeo utabaki uleule. Ikiwa utachapa kwa rangi nyeusi na nyeupe, timu moja ivae jezi nyeusi tupu na nyingine ya mistari.

Vipimo navyo viheshimiwe. Goli lina upana wa mita 7.32 na kimo cha mita 2.44, hivyo kipa mwenye urefu wa mita 1.80 akisimama wima, mtambaapanya uwe juu ya kichwa chake kwa zaidi ya nusu mita. Penalti hupigwa kutoka mita 11, na mpira unaokwenda kilomita 100 kwa saa hulifikia goli kwa takriban sekunde 0.4. Ni hapo katuni inapoishinda televisheni, kwani sekunde hiyo isiyotimia unaweza kuigawa katika fremu nne: macho ya kipa, mguu wa mpigaji, vumbi, na yule mtu wa hati akiinuka kitini.

Idadi ya kurasa igawanyike kwa nne ili kijitabu kiweze kubanwa kwa pini. 16 au 24 zinatosha. Tukio la kushtua liwekwe mwanzoni mwa ukurasa wa kushoto, ambao msomaji hauoni mpaka afunue.

Hatimaye mpe mtu asiyefuatilia soka kurasa za penseli zisizo na maneno. Akishindwa kueleza timu ipi inashambulia na nani anamkimbiza nani, chora upya fremu hizo, wala usijaribu kuziokoa kwa kuongeza maneno.