Jinsi ya kupata seva za gemu za kujenga bila kununua gemu ya ziada: mwongozo wa Luanti

Likizo iliyopita mpwa wangu alinijia na simu mkononi na swali moja: "Mjomba, hivi hakuna gemu ya kujenga ya kucheza na watu ambayo hailipiwi kila hatua?" Alikuwa ameshapakua tatu. Ya kwanza ilifunguka vizuri, ila kuingia kwenye seva, yaani kompyuta ya mtu inayoendesha mchezo wa pamoja, kulidai akaunti ya kununua. Ya pili ilimruhusu kuingia, kisha ikamwambia ramani ile inahitaji pakiti ya kulipia. Ya tatu ilimrushia matangazo mfululizo hadi bando la siku likakata kabla hajamaliza ukuta mmoja.

Nilimwekea Luanti, programu ya bure ya gemu za kujenga kwa matofali. Jioni ileile alikuwa ndani ya shimo la mgodi, ameshika tochi, anaelekezwa njia na mtu ambaye hawajawahi kuonana. Tangu hapo nimewawekea vijana wengi, kwenye simu na kwenye kompyuta kuukuu, na maswali yao ni yaleyale. Nayaandika hapa kwa mpangilio ninaoutumia mtu anapokaa pembeni yangu.

Kwanza, kwa nini haidai kununua kitu

Ukilielewa hili, mengine yote yanakuwa mepesi. Katika gemu nyingi za mtandaoni, seva haikutumii picha zote. Inakuambia tu "hapa weka gari fulani, pale weka mlango fulani", na picha ya hilo gari inatakiwa iwe tayari kwenye mashine yako, mara nyingi kutoka gemu nyingine uliyonunua. Aliyecheza gemu ya kompyuta iitwayo Garry's Mod anaijua ile miraba ya zambarau na nyeusi ukutani, na lile neno jekundu la kosa linaloelea hewani. Kwa miaka mingi ilikuwa dalili kwamba seva inatumia vitu vya gemu kama Counter-Strike: Source na wewe huna. Unaingia, lakini unatembea katikati ya miraba.

Luanti inafanya kinyume chake. Ukigonga mlango wa seva, seva yenyewe inakutumia picha, sauti na maumbo yote inayotumia. Kanuni za mchezo, yaani nini kinachimbika, nini kinapikwa, nani ana haki gani, zimeandikwa kwa lugha ya programu iitwayo Lua na zinaendeshwa kulekule kwenye seva. Wewe unakuja na programu moja tu. Kwa hiyo seva ya magari, seva ya falme zinazopigana na seva ya watu wanaolima na kufuga zote zinafunguliwa na programu hiyohiyo, bila kuongeza senti.

Programu hii ni ya bure na msimbo wake, yaani maandishi yanayoiunda, uko wazi kwa yeyote chini ya leseni ya LGPL. Aliianzisha Perttu Ahola wa Finland mwaka 2010 kwa jina la Minetest, na Oktoba 2024 ikabadilishwa jina kuwa Luanti, jina linalochezea neno la Kifini *luonti*, maana yake uumbaji, pamoja na hiyo lugha ya Lua. Ndiyo maana maelezo ya zamani yanasema Minetest. Ni kitu kilekile.

Hatua ya 1: Pakua iliyo halisi

Kwenye simu ya Android ichukue Google Play au F-Droid (duka la programu huru), na hakikisha jina ni Luanti. Kwenye kompyuta ya Windows ichukue kwenye tovuti yao, luanti.org. Wa Linux nawashauri waichukue Flathub, ghala la programu za Linux, kwa sababu toleo linalokuja na mfumo wenyewe mara nyingi huwa limepitwa.

Hapa naomba uwe makini. Kwa kuwa msimbo uko wazi, watu wameuchukua, wakaubandika jina jingine na kuujaza matangazo. Ukiona tangazo au ukiombwa kununua sarafu, hiyo siyo. Luanti halisi haina matangazo wala duka la ndani. Ifute, tafuta tena.

Ukiingia kwenye mipangilio, angalia sehemu ya lugha: Kiswahili kimo. Tafsiri haijakamilika, kwa hiyo baadhi ya vitufe vitabaki Kiingereza. Mimi nitavitaja kwa Kiingereza hapa ili usipotee.

Hatua ya 2: Usipakue gemu yoyote ndani yake

Ukifungua mara ya kwanza, ukurasa wa "Start Game" utakuambia huna gemu na utakuelekeza ContentDB, ghala lao la gemu na nyongeza. Wengi hukimbilia huko, wakapakua gemu kama VoxeLibre na Mineclonia, na pakiti za picha, wakidhani bila hizo seva haitawapokea. MB zimekwenda bure. Vitu vya ContentDB ni vya kucheza peke yako au kuwa mwenyeji wa wengine. Anayejiunga na seva ya mtu hahitaji hata kimoja. Ruka ukurasa huo, nenda "Join Game".

Hatua ya 3: Soma orodha kabla ya kugonga

Orodha ya seva za umma itajaa baada ya sekunde chache. Seva zimepangwa kwa makundi: ulizozipenda, za umma, na chini kabisa zile zisizoendana na toleo lako. Za chini ziache, usihangaike nazo.

Mbele ya kila jina kuna idadi ya waliomo na idadi ya juu inayoruhusiwa, na alama ndogo ndogo. Alama moja inaonyesha hali ya ubunifu, ambapo matofali ya kila aina unayapata bila kuchimba. Nyingine inaonyesha kwamba unaweza kuumia au kushambuliwa na wachezaji wengine. Kwa mtoto anayeanza, natafuta seva isiyo na mashambulizi. Gusa jina la seva usome na maelezo yake. Wasimamizi makini huandika pale aina ya mchezo, lugha inayozungumzwa na sheria kuu.

Kisha ziko zile alama za mawimbi, kama za mtandao wa simu. Usiziamini sana. Hazipimwi kutoka kwenye kifaa chako, ni makadirio. Seva nyingi ziko Ulaya na Marekani, na kwa sisi wa Afrika Mashariki za Ulaya ndizo za kuanza nazo, maana data yetu ina safari fupi zaidi kwenda huko. Kipimo chenyewe cha kweli nitakieleza hatua ya 6.

Usivutwe na seva yenye watu wengi kuliko zote. Pale chati, yaani mazungumzo ya kuandikiana, inakimbia usiweze hata kuisoma, na simu ndogo inaelemewa kuchora watu na majengo yao. Seva ya watu watano hadi kumi na tano ndiyo ninayoipenda: ukiuliza swali, mtu anakujibu. Ukikuta seva zote za Ulaya ni tupu, angalia saa. Wenzetu wa Ulaya ya Kati wako nyuma yetu kwa saa moja au mawili kutegemea msimu, kwa hiyo jioni yao inachangamka kwetu kuanzia saa 2 usiku hivi. Asubuhi yetu wamelala.

Hatua ya 4: Jisajili

Chagua jina lenye herufi za kawaida, tarakimu, kistari au mstari wa chini. Nafasi haikubaliki. Mgeni anabonyeza "Register", siyo "Login", kisha anaweka nenosiri mara mbili.

Hakuna akaunti moja ya Luanti nzima. Kila seva ina daftari lake. Jina lako la seva hii linaweza kuwa la mtu mwingine kwenye seva ile, na nenosiri ukilisahau hakuna barua pepe ya kukuokoa. Unamwomba msimamizi wa seva husika, naye ana haki ya kutokukuamini. Liandike mahali. Na usitumie nenosiri la barua pepe yako au la pesa za simu, hata siku moja.

Hatua ya 5: Subiri vitu vishuke

Ukishaingia utaona mstari unaojaa taratibu. Hapo ndipo seva inakutumia zile picha na sauti. Seva nyepesi inamaliza upesi. Yenye nyongeza nyingi inaweza kula makumi ya MB. Kwa hiyo mara ya kwanza tumia Wi-Fi ukiweza. Vinavyoshuka vinahifadhiwa kwenye kifaa, na kesho yake unaingia haraka sana kwa sababu seva inatuma vilivyobadilika tu. Wenye simu zilizojaa huwa wanafuta kache, yaani vitu ambavyo programu imejihifadhia, kila wiki ili kupata nafasi. Ukifuta ya Luanti, unavilipia tena vitu vilevile kwa bando.

Ukiona mstari umesimama kwa muda mrefu, toka uingie tena. Vilivyokwisha kushuka havipotei.

Hatua ya 6: Chimba tofali moja

Hiki ndicho kipimo changu. Tafuta eneo linaloruhusiwa, piga tofali la udongo, na usiliangalie tofali. Angalia kile kinachotokea baada yake. Tofali litatoweka papo hapo hata kama mtandao ni mbovu, maana programu yako inakisia kwamba seva itakubali. Lakini udongo kuingia kwenye mfuko wako, au kudondoka chini kama kidude kidogo kinachozunguka, ni lazima seva ijibu. Ukiona udongo umefika unapoachia kidole, seva hiyo inakufaa. Ukihesabu "moja, mbili" ndipo ukafika, utateseka, hasa penye mapigano. Na kama tofali linatoweka kisha linarudi mahali pake, ama eneo ni la mtu, ama huna ruhusa.

Kwenye kompyuta bonyeza F5, utaona maandishi juu yenye neno RTT, yaani muda wa data kwenda kwenye seva na kurudi, na namba ya milisekunde. Kwa kujenga, mimi hata 200 naridhika nayo. Kwa kupigana, hapana.

Kuhusu ruhusa: vijana wengi hudhani gemu imeharibika kwa sababu hawawezi kuchimba popote. Fungua chati, andika `/privs`. Ukiona *shout* ipo lakini *interact* haipo, maana yake unaruhusiwa kuongea tu, bado hujaruhusiwa kugusa kitu. Seva nyingi zinafanya hivi makusudi: lazima usome sheria kwanza, na mahali fulani ndani ya sheria hizo kuna neno la kuandika au swali la kujibu. Tembea kwenye jengo la mapokezi, soma mabango yote. Ni dakika tano, na ni dalili nzuri: msimamizi anayewachuja wageni mlangoni ndiye anayelinda majengo ya watu.

Hatua ya 7: Linda kabla ya kupamba

Nilijenga nyumba ya ghorofa mbili kando ya ziwa, madirisha ya vioo, shamba la ngano nyuma. Siku nne. Siku ya tano nikakuta shimo na maji yanatiririka sebuleni. Seva ile iliruhusu mtu yeyote kubomoa chochote kisicholindwa, na mimi sikuwa nimeuliza.

Siku hizi nauliza kabla ya kuweka tofali la kwanza: eneo linalindwaje? Seva nyingine zinatumia jiwe la ulinzi unalolitengeneza na kulisimika katikati ya kiwanja. Nyingine zinatumia amri: unasimama kona moja unaandika `/area_pos1`, unakwenda kona ya pili inayotazamana nayo, chini au juu, unaandika `/area_pos2`, kisha `/protect` na jina la eneo lako. Kumbuka kina na kimo pia, la sivyo mtu atachimba handaki chini ya sakafu yako.

Ukiipenda seva, iwekee nyota kwenye orodha ili kesho uikute juu.

Kwa wazazi na walezi, neno moja: chati haina mchujo wa kutegemewa na mawasiliano hayajasimbwa, yaani mtu anaweza kuyasoma njiani. Mtoto aambiwe mapema asiandike humo jina lake kamili, shule wala namba ya simu.

Ikigoma

Orodha inaonekana vizuri, lakini kila seva unayogusa inakwama kwenye kuunganisha. Hili limenikuta kwenye Wi-Fi ya taasisi moja. Orodha inakuja kama ukurasa wowote wa tovuti, ila gemu yenyewe inapita njia nyingine ya kusafirisha data iitwayo UDP, kwa kawaida mlango (port) namba 30000, na mitandao mingine ya ofisi na shule inaifunga. Washa data ya simu ujaribu. Ikikubali, umepata jibu, na hakuna cha kubadilisha kwenye gemu.

Ikiwa ni seva moja tu inayokataa na kukutajia toleo, sasisha programu yako.

Simu ikiwa nzito, punguza umbali wa kuona kwenye mipangilio. Ukungu utasogea karibu, lakini simu itapumua.

Intaneti ikikosekana kabisa

Hii naipenda kuliko zote, kwa sababu haigusi bando. Chukua kompyuta moja, na safari hii ndiyo unahitaji gemu kutoka ContentDB, uipakue mapema mtandao ukiwepo, mara moja tu. Mineclonia inatosha. Washa hotspot ya simu data ikiwa imezimwa, unganisha kompyuta na simu za wenzako humo. Kwenye "Start Game" tengeneza dunia, weka alama kwenye "Host Server", na usiweke kwenye "Announce Server", maana hiyo ni ya kujitangaza kwa dunia nzima. Windows ikiuliza kuhusu ukuta wa moto (firewall), ruhusu. Kisha fungua dirisha la amri (Command Prompt), andika `ipconfig`, nakili namba iliyo mbele ya IPv4.

Wenzako waende "Join Game", waiandike namba hiyo kwenye nafasi ya anwani, mlango 30000, kila mtu na jina lake. Picha na sauti zitashuka kutoka kwenye kompyuta yako hadi simu zao kwa sekunde chache. Mara ya kwanza tulikuwa sita sebuleni, na aliyechelewa alikuta tumeshamwachia chumba kwenye nyumba.