Namna ya Kutazama Filamu ya Familia Iendayo Polepole Bila Kuidhulumu Wala Kujidanganya

Zipo filamu ambazo mtazamaji huzimaliza akiwa na heshima na uchovu kwa wakati mmoja, asijue amjibu nini mtu anayemwuliza kama filamu ilikuwa nzuri. Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya mtazamaji huyo, na mfano nitakaoutumia ni "Tokyo Monogatari" ya mwongozaji wa Kijapani Yasujiro Ozu, iliyotoka mwaka 1953. Mwaka 2012 waongozaji wa filamu waliopigishwa kura na jarida la Uingereza la Sight & Sound waliiweka nafasi ya kwanza kuliko filamu nyingine zote, jambo ambalo linamtia hofu mtazamaji wa kawaida anayejikuta akisinzia kabla ya kufika nusu yake. Nitataja mwisho wake pia, kwa kuwa haijengwi juu ya siri, na anayejua kitakachotokea hapotezi kitu.

Maandalizi ni machache lakini yasipuuzwe. Filamu ina dakika 136, na inafaa itazamwe kwa mkao mmoja, simu ikiwa chumba kingine, si usiku baada ya kazi nzito. Wengi wetu tulizoea filamu za kigeni katika mabanda ya video, ambako mtafsiri alijaza kila kimya kwa maneno na mzaha wake. Hapa kimya hakijazwi na mtu, na maandishi ya tafsiri chini ya skrini yanahitaji jicho lisilobanduka. Jifunze familia mapema ili usipoteze nusu saa ukiulizana na jirani nani ni nani. Shukichi na mkewe Tomi ni wazee wanaoishi Onomichi pamoja na Kyoko, kitinda mimba wao, ambaye ni mwalimu. Wanasafiri kwenda Tokyo kuwaona watoto wao wakubwa, Koichi, ambaye ni daktari, na binti yao Shige, mwenye saluni. Njiani, mjini Osaka, yupo mwana wao mwingine, Keizo, mfanyakazi wa reli. Tokyo yupo pia Noriko, mkaza mwana wao, mjane wa Shoji ambaye vita vilimchukua miaka minane iliyopita.

Ukishaanza, usijiulize kama filamu ni ya polepole, kwa sababu jibu unalo tayari. Jiulize ni kitu gani hasa kinachokwenda polepole. Kamera ya Ozu imewekwa chini, karibu na kimo cha mtu aliyeketi juu ya mkeka, na husogea kwa nadra mno. Baina ya onyesho na onyesho anaweka picha za mabomba ya moshi, nguo zilizoanikwa au treni inayopita, na hakuna anayekuharakisha. Hata hivyo hadithi yenyewe inaruka hatua kubwa. Wazee wanafunga mizigo Onomichi, kisha tunaona mabomba ya moshi ya Tokyo, na safari nzima ya treni imeachwa. Tomi anaugua wakiwa njiani kurudi, lakini habari hiyo tunaipata kwa maneno ya Keizo tu. Koichi anasema mama yao hataishi hadi asubuhi, zinafuata picha za alfajiri, na Tomi ameshafariki. Mwongozaji wa kawaida angeyapa matukio haya muziki na machozi, lakini Ozu ameyaruka na muda akautoa kwa chai, vipepeo vya mkononi na maongezi ya hali ya hewa. Kila unapochoka, basi, tazama ni jambo gani limeachwa nje, kwa maana mara nyingi utakuta kwamba unachotazama ni jinsi watu wanavyolizunguka jambo hilo.

Kuna uchovu wa aina mbili, na mtazamaji asipozitenganisha hukumu yake haitakuwa na thamani. Upo uchovu unaotokana na kutokuwapo kwa kitu, na upo ule unaotokana na kitu kidogo kilichowekwa mahali pake na kusubiri. Mwanzoni kabisa Shukichi anautafuta mto wa kujaza upepo, anadai kwamba amempa mkewe, mkewe anakana, na mwishowe mzee anaukuta kwenye mzigo wake mwenyewe. Onyesho hilo halina haraka wala mvuto wa wazi, lakini ndilo linalotufahamisha jinsi watu hawa wawili walivyozoeana. Vivyo hivyo huko Atami, mji wa mapumziko ambako watoto wamewapeleka wazazi wao ili wapate nafasi ya kufanya kazi, wazee hawalali usiku kwa kelele za wageni wenzao. Asubuhi wanaketi juu ya ukuta wa ufukweni, na wanapoinuka Tomi anashikwa na kizunguzungu kidogo tu, kisha wanaondoka. Aliyekuwa akichezea simu dakika hiyo atauona ugonjwa wa baadaye kama ajali ya mwandishi.

Sehemu inayohitaji subira zaidi ni hisia zako juu ya watoto. Shige ni rahisi kuchukiwa: anamlaumu mumewe kwa kuwanunulia wazee keki za bei, na mteja wa saluni anapouliza wageni hao ni nani, anajibu kwamba ni watu anaofahamiana nao kutoka mashambani. Lakini anapoambiwa kwamba mama yake hataishi, yeye ndiye anayeangua kilio papo hapo, na kilio chake ni cha kweli. Kisha baada ya mazishi anaomba mshipi na kimono cha marehemu kabla chakula hakijaondolewa. Usimchague Shige mmoja kati ya hao wawili. Ukiona moyo wako unakwenda huku na huku, hapo filamu inafanya kazi yake, na Kyoko, ambaye hasira yake inafanana na yetu, anajibiwa na Noriko kwamba watoto wakikua huwa na maisha yao.

Si lazima ukubali kila kitu kwa sababu wakubwa wamesifu. Mimi naona jioni ya Shukichi na marafiki zake walevi ingepunguzwa bila hasara, kwa maana malalamiko yao juu ya watoto yanasema wazi yale ambayo maonyesho mengine yameyasema kwa staha. Noriko naye, kwa muda mrefu, anatabasamu kupita kiasi. Anaomba ruhusa kazini awatembeze wazee, anaazima sake, kileo cha Kijapani, kwa jirani awakirimu, na hachoki. Karibu na mwisho anamwambia baba mkwe kwamba yeye si mwema hivyo, kwamba siku hupita asimkumbuke marehemu mumewe. Maneno hayo yanamwokoa kama mhusika, ila yamechelewa, na sioni aibu kuyadai mapema. Chishu Ryu, mwigizaji wa Shukichi, kwa upande mwingine, sina neno naye: alizaliwa mwaka 1904, hakuwa ametimiza miaka 50, na mgongo wake ni wa mzee wa 70.

Unapotoa maoni, usiseme "inachosha" wala "ni ya kina" na kuishia hapo. Taja onyesho moja lililokuchosha na ueleze lilikuwa likisubiri nini, kisha taja moja lililokugusa na useme lilitayarishwa wapi; ukishindwa kulitaja hata moja, bado hujawa na maoni, una hali ya mwili tu. Subiri siku chache kabla ya kuandika, kwani filamu za namna hii hukomaa baada ya kuzimwa, na nyingine hufifia. Aliyeiacha katikati asilazimishwe kuirudia. Aanze na "Ohayo" ya mwongozaji huyo huyo, ya mwaka 1959, yenye rangi na dakika 94 tu, ambamo ndugu wawili wadogo wanagoma kuzungumza mpaka wanunuliwe televisheni. Kamera ni ile ile ya chini, mwendo ni ule ule, lakini kicheko kinamsaidia mgeni kuzoea.