Jinsi ya kuomba Mahakama Kuu ifute mashtaka kabla kesi haijasikilizwa (Kenya)

Mjomba wangu anauza mbao. Mteja alimpa depositi ya laki moja na themanini, akapelekewa nusu, mvua ikaharibu barabara na zingine zikakwama huko juu. Jamaa badala ya kudai deni akaenda stesheni, na kufumba na kufumbua mjomba yuko kizimbani kwa kujipatia pesa kwa udanganyifu. Mimi ni karani kwa ofisi ya wakili, basi mzigo ukaniangukia. Vile tulienda ni hivi.

Hatua ya 1: Pata chaji shiti (hati ya mashtaka) na taarifa za mashahidi. Isome ukiwa na kifungu cha kosa pembeni. Kwa mjomba ilikuwa 313 cha Kanuni ya Adhabu (Penal Code), na maana ya udanganyifu iko 312: lazima uwe uongo kuhusu jambo lililopita au lililopo. Ahadi ya wiki ijayo haimo.

Hatua ya 2: Andikia DPP (Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma) kwanza. Ibara ya 157(11) ya Katiba inamtaka azingatie maslahi ya umma na azuie matumizi mabaya ya sheria, kwa hivyo mkumbushe kwa upole, kurasa mbili zinatosha. Akiondoa kesi chini ya kifungu cha 87(a) cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai (CPC) kabla hujaitwa kujitetea shukuru, lakini usichinje mbuzi bado, maana unaweza kushtakiwa tena kwa mambo yale yale. Na kama chaji yenyewe haionyeshi kosa lolote, hakimu anaweza kuikataa chini ya 89(5) ya CPC hiyo hiyo, hiyo ni rahisi kuliko haya yote.

Hatua ya 3: Andaa petisheni ya Mahakama Kuu, ombi la amri za muda za kusimamisha kesi, na cheti cha dharura cha kuomba isikilizwe haraka. Mlalamishi (kwetu ni yule mteja) muweke kama mhusika mwenye maslahi. Tangu kesi ya Anarita Karimi Njeru ya 1979 unatakiwa useme haki gani imevunjwa na imevunjwaje, kwa hivyo achana na ile tabia ya kumwaga ibara kumi kama njugu.

Hatua ya 4: Hati ya kiapo. Hapa ndipo nilipoteza siku mbili nzima. Kwanza niliandika kurasa kumi na nne za kuonyesha mjomba hana hatia, wakili akazisoma akacheka, akaniambia jaji hapimi ushahidi saa hii, hiyo ni kazi ya hakimu. Na usiseme tu "hili ni deni", kwa sababu 193A ya CPC inasema kesi ya madai kuwepo si sababu ya kusimamisha ya jinai. Unachotafuta ni dalili kwamba polisi wametumiwa kukusanya deni. Sisi tuliipata kwa WhatsApp, mlalamishi mwenyewe aliandika saa nne usiku: "Lipa leo, kesho naenda kufuta hiyo kesi." Ujumbe huo mmoja ulifanya kazi kuliko kurasa zangu zote.

Sasa skrinishoti si kubandika tu. Unahitaji cheti cha 106B(4) cha Sheria ya Ushahidi, ueleze ni simu gani, nani anaitumia na picha zilitolewaje mpaka zikafika kwa karatasi, halafu anayeisimamia hiyo simu atie sahihi. Mimi nilikisahau. Kisha kila kielelezo kipewe alama yake na kigongwe muhuri wa kamishna wa viapo, KILA kimoja, na kiapo kionyeshe mahali na tarehe. Vyetu vitatu havikuwa na muhuri, upande wa pili wakavipinga, tukaapa upya na mjomba akafunga duka siku nzima. Skani nayo fanya saiba, picha za simu zina vivuli vya vidole.

Hatua ya 5: Faili kwa mfumo wa mtandaoni wa mahakama, lipa.

Hatua ya 6: Ukipata amri ya muda, usidhani hakimu ataisikia kwa upepo. Ichapishe, wapelekee DPP na polisi, na siku ya kutajwa kesi uende nayo mkononi. Mshtakiwa naye ajitokeze, amri ama hakuna amri, la sivyo atatolewa waranti. Mjomba alitaka kubaki dukani, nilimvuta kwa mkono.